Siku ya Kubomolewa Senti Kumi

Kijiwe cha Salimu muuza kahawa kilikuwa kando ya barabara ya kwenda Maswa, mkabala na ghala la zamani la pamba ambalo Bariadi nzima ililiita Senti Kumi, kwa sababu mwaka hamsini na nne kila mkulima alikatwa senti kumi kwa kila ratili mpaka likasimama. Kijiwe chenyewe kilikuwa benchi moja refu, birika la kahawa juu ya jiko la mkaa, na sinia la kashata. Wateja wa kudumu walikuwa watatu. Machibya, karani wa kupima pamba enzi za chama cha ushirika, aliitwa Mizani. Hamimu, muuza mitumba aliyekuwa hatoki nyumbani bila redio kwapani, aliitwa Redio, na wala jina halikuhitaji kufikiriwa. Wa tatu alikuwa mzee Bundala, fundi mwashi mstaafu, aliyeitwa Timazi, ile kamba ya fundi ya kupimia ukuta, kwa sababu hata kikombe cha kahawa hakukiweka chini kabla hajaangalia kama benchi limekaa sawa. Asubuhi moja ya Agosti, msimu wa pili tangu watu binafsi waruhusiwe kununua pamba, Bundala alifika akakuta wenzake wamesimama. Kwa Salimu watu hawakuwa na tabia ya kusimama.

Akageuka kutazama walikokuwa wanatazama. Bati za Senti Kumi zilikuwa chini.

Bundala alishika mgongo wa benchi. Vijana kama kumi na watano walikuwa juu ya kuta, wanang'oa kenchi za paa kwa mitaimbo. Malori mawili yalikuwa yamegeuza matako mlangoni. Mbao zilishushwa taratibu kwa kamba, kama mgonjwa anayeshushwa kitandani.

— Mwangaluka, Timazi, Mizani alimwamkia Kisukuma, lakini sauti haikuwa yake.

— Mwangaluka. Nini hiki?

— Unaona tunachoona.

— Wanaezua ili waezeke upya?

— Kwa mitaimbo hiyo?

Salimu alimmiminia kahawa bila kuulizwa. Bundala alikipokea kikombe, akakaa, akakiweka kwenye benchi bila kuangalia kitu. Redio aliliona hilo, akapunguza sauti ya redio yake.

— Mimi nawaambia hakuna jipya hapo, Mizani alianza. Wanatafuta mali ya Mjerumani. Rupia. Ziko chini ya sakafu, kwenye makasha ya chuma.

— Mjerumani aliondoka lini na ghala limejengwa lini? Salimu aliuliza.

— Alizika kwanza, ghala likaja juu. Ndiyo ujanja wake.

— Sakafu ile niliishindilia mimi, Bundala alisema. Tulichimba futi tatu. Tulikuta mizizi na nyoka mmoja.

— Huyo nyoka mlimuuliza anakaa pale kwa nini?

Siku nyingine wangecheka. Kenchi ya tatu ilishuka, ikagonga ukingo wa lori, na mlio wake ukaja mpaka kijiweni, mlio mzito wa mti usiooza.

— Tulieni niwaambie, Redio alisema. Wanalihamisha. Linakwenda Ulaya. Nimesikia kipindi kizima: kule nyumba ikizeeka haivunjwi, inapakwa rangi, inawekewa kamba mlangoni, watu wanalipa kiingilio kuingia kuitazama. Sasa nyumba zao zimewaishia, wanakuja kuchukua zetu. Kila tofali litaandikwa namba.

— Walipe kuona ghala la pamba? Mizani alishangaa.

— Wanalipa kuona jiko la bibi wa mtu! Nimesikia kwa masikio haya.

— Kama wanalipa, Salimu alisema, si wangeliacha hapa wakaja kulilipia hapahapa? Wazungu wangapi wanapita hii barabara wakienda Serengeti? Wangeshuka, wakaliona, wakanywa soda. Hela ya kuziba bati ingetoka hapohapo.

— Nani ashuke Bariadi? Mizani aliuliza.

— Asishuke basi. Wewe mwenyewe je? Mimi niliomba chumba kimoja cha mbele nifungue hoteli. Barua tatu, Mizani. Nilisema nitalipa kodi ya mwezi, na bati za upande wangu nitabadilisha mwenyewe. Nani alikuwa katibu wa kamati ya ghala?

Mizani alikohoa.

— Nilikuwa mimi. Lile ni jengo la heshima, Salimu. Wazee walikatwa pamba yao. Tuingize moshi wa chapati?

— Popo mliwaingiza.

Bati za Senti Kumi zilikuwa zinavuja tangu mwaka themanini na nane, na kila mtu kijiweni alilijua tundu lake. Walikuwa wakikaa hapo wakati wa mvua, wanahesabu michirizi ukutani, wanasema chama kitengeneze. Chama kilisema kitatengeneza pamba ikipanda bei. Halafu soko huria likafika, wanunuzi wakaja na mizani zao wenyewe, wakulima wa vijiji kama Kasoli wakauza walipotaka, na ghala likabaki na popo.

Redio aliyageuza mazungumzo.

— Basi ni chokaa, alisema akiinama kama anayetoa siri ya serikali. Chokaa ya zamani ina madini. Kuna zebaki nyekundu ndani yake. Kijiko kimoja kinanunua lori. Wataisaga kuta zote, wataichekecha...

— Ile chokaa niliichanganya mimi kwa koleo, Bundala alisema. Ilikuwa chokaa na mchanga wa mtoni. Niacheni jamani.

Alisema hivyo kwa upole. Kulikuwa na jambo alilokuwa analigeuzageuza moyoni tangu afike, analikataa, nalo linarudi. Wiki mbili zilizopita alikuja bwana mmoja kutoka Mwanza, Method jina lake, na pikapu nyeupe. Alimkuta Bundala nyumbani, akamwamkia kwa kuinama, akamwita guku kama mjukuu anavyomwita babu yake. Alisema amesikia ni yeye fundi wa mwisho aliye hai kati ya waliojenga Senti Kumi. Bundala alimzungusha jengo zima kuanzia saa nane mpaka jua likapoa. Miaka mingi hakuna mtu aliyekuwa amemuuliza kitu. Alirudi nyumbani siku ile akamwambia mkewe Nyanjige: wanataka kulitengeneza, mayu, mama watoto, wanaanza na sisi tunaojua.

Kijana mwenye kofia ya chuma alivuka barabara, daftari mkononi.

— Shikamooni wazee. Naitwa Jilala, msimamizi wa kazi. Mzee Bundala ni nani hapa?

Wote walimtazama Bundala.

— Ni mimi.

— Tajiri wetu, bwana Method, ameniambia nikikwama nikutafute wewe, guku. Maneno yako yametusaidia sana.

— Maneno gani? Mizani aliuliza.

Jilala alifungua daftari bila ubaya wowote, akasoma kama anayesoma orodha ya duka:

— "Kenchi kumi na nne, mninga mtupu, hazijaliwa na mchwa. Milango miwili ya mvule, bawaba za chuma cha kufua. Matofali ya kuchomwa wiki mbili, hayanywi maji. Mihimili minne ya chuma, ilikuja kwa treni." Hapa pembeni ndiyo bei. Tajiri alikuwa ananunua kiwanja tu kwa mfilisi anayeuza mali za chama, majengo yalihesabiwa gofu. Baada ya kuongea na wewe ndiyo akapiga hesabu. Anasema likisimama halimpi hata shilingi, ila likishuka vipandevipande linarudisha hela ya kiwanja mara mbili.

Redio alizima redio. Salimu alibaki na birika hewani. Bundala aliyasikia maneno yake mwenyewe, moja baada ya jingine, yale aliyoyasema akipapasa ukuta kwa kiganja, na ilikuwa kama kumsikia mtu mwingine akimsema vibaya msibani.

— Timazi, Mizani alisema polepole. Ulimwambia wewe?

— Nilidhani anapenda.



— Sasa guku, Jilala aliendelea, tumekwama pale mlango mkubwa. Lile tao. Vijana wamepiga nguzo ya kushoto tangu asubuhi, na ukuta wa juu umeanza kutoa ufa.

Bundala aliinua kichwa. Juu ya tao walikuwa wamekaa vijana wanne, miguu inaning'inia, wanabandua matofali ya taji, yale ya kileleni. Chini, wawili walikuwa wanapokezana nyundo kwenye nguzo.

Wenzake hawakumwona alivyonyanyuka. Walimwona tayari yuko katikati ya barabara, mzee wa miaka sitini na nne, anakimbia, baiskeli ya mzigo ikimkwepa.

— Acheni! Shusheni nyundo! Mlioko juu, msiruke! Kaeni palepale, msitikisike!

Sauti ile hakuna aliyewahi kuisikia kijiweni. Ilikuwa sauti ya fundi kwenye kazi yake. Wenye nyundo waliganda.

— Tao linasimama kwa kusukumana, alimwambia Jilala akihema. Ukilinyima mguu mmoja linafunguka lote. Utazika watu sita. Leta hizo kenchi. Ndiyo, hizohizo! Zisimamisheni hapa chini, mbili huku, mbili huku, na mbao ya kulala juu. Kazeni kabari. Bado. Kazeni tena.

Wenzake wa kijiweni walikuwa wamevuka barabara wakasimama nyuma yake. Tofali moja lilichomoka lenyewe, likapasuka karibu na mguu wa Mizani. Hakuna aliyepumua mpaka kabari ya mwisho ilipogongwa. Vijana wa juu walitambaa mmoja mmoja hadi kwenye ngazi. Wa mwisho aligusa ardhi akaketi chini palepale, akaanza kulia bila aibu.

— Sasa, Bundala alisema, anzeni kileleni. Tofali la kati kwanza, kisha moja kulia, moja kushoto. Kulia, kushoto. Msivuruge mpango.

Alisimama pale mwenyewe akiwaelekeza. Tofali la kati lilipotoka alilipokea kwa mikono miwili. Ubavuni, mahali ambapo hapakuwahi kuonekana tangu hamsini na nne, palikuwa na alama ya vidole vinne vya mtu aliyelishika likiwa bado bichi. Alilitazama, akalipitisha kwa Jilala, na Jilala akalirusha kwenye lori.

Tao lilichukua saa moja na nusu kushuka. Kulijenga kulikuwa kumemchukua Bundala miezi miwili.

Walirudi kwenye benchi vumbi likiwa limewafanya wote wa rangi moja. Jilala alileta noti mbili kama asante. Bundala hakuzishika. Salimu alizitazama zikiwa juu ya benchi, akamrudishia kijana mkononi.

Hapo ndipo mama mmoja alipoteremka kwenye lendirova ya serikali, mkoba begani, miwani imejaa vumbi la njia.

— Shikamooni wazee wangu. Naitwa Veronica, natoka mkoani Shinyanga, idara ya utamaduni. Nimeambiwa hapa Bariadi kuna ghala la wakulima la mwaka hamsini na nne. Tunaorodhesha majengo ya kale. Likiingia kwenye orodha haliguswi, na tunaweza kuliombea fedha za ukarabati.

Alifuata macho yao mpaka ng'ambo, akaona malori, akaona anga juu ya ukuta uliobaki nusu. Aliivua miwani, akaifuta kwa kanga, akaivaa tena.

— Jamani, alisema kwa sauti ndogo. Jamani. Lini?

— Leo, mayu, Bundala alisema. Asubuhi hii.

Veronica alikaa kwenye ncha ya benchi bila kukaribishwa. Akatoa fomu na kalamu.

— Angalau nipeleke malalamiko. Kuna kilichobaki bado. Lakini lazima alalamike mwenyewe, mwenye mali, siwezi kuandika kwa jina langu. Nisaidieni kujaza nafasi ya kwanza tu. Hili jengo lilikuwa la nani?

— Letu! Mizani alisema haraka. Tulikatwa senti kumi.

— Mna hati?

— Hati ilikuwa ya chama.

— Chama kiko wapi?

— Kilivunjwa sabini na sita. Likawa la serikali. Baadaye chama kikarudi...

— Kikarudishiwa hati?

Mizani akamtazama Redio. Redio akamtazama Salimu. Salimu alisema labda la benki iliyokuwa inakidai chama, halafu akatikisa kichwa mwenyewe. Mfilisi aliuza, lakini aliuza ya nani? Veronica alimgeukia Bundala, kalamu iko juu ya karatasi.

— Wewe babu, unajua?

Bundala alijua unene wa kila ukuta. Alijua ni tofali ngapi zilikwenda kwenye msingi, na nani alikufa kabla ya kuliona limeezekwa. Alitafuta jibu la swali lile kichwani mwake, kona hadi kona, hakulikuta.

Lori la kwanza lilipiga honi. Lilikuwa limejaa, na halikuweza kukata kona kuingia barabarani benchi likiwa pale. Dereva alipiga honi tena. Wakasimama wote, pamoja na mama wa mkoani, wakashika benchi huku na huku, wakalisogeza, lori likapita.