Fundi wa Sare na Wivu Wake

Wasikilizaji wapendwa, kama uko jikoni, punguza moto kidogo. Kama uko kazini na mkubwa wako yuko karibu, shusha sauti, lakini usizime. Leo tunamkumbuka mama mmoja mwenye wivu.

Ndiyo, mwenye wivu. Mwanawe mwenyewe ndiye aliyetuandikia barua, na alituomba tusimpambe. "Mkisema mama yangu hakuwa na wivu," ameandika, "atafufuka aje kuwakosoa." Sisi ni nani tubishane naye?

Marehemu alikuwa fundi cherehani. Alishona sare za shule kwa miaka arobaini, katika chumba kimoja chenye dirisha moja, ukuta kwa ukuta na nyumba ya jirani. Alijaliwa mtoto mmoja tu, wa kiume. Mtoto huyo sasa ana miaka arobaini na mitatu. Ni fundi bomba, ana mke, ana watoto, tena ana kitambi. Kwa mama yake alibaki kuwa mtoto, na ole wake aliyemgusa.

Wivu wenyewe ulianza hivi. Baada ya kujifungua, fundi alishikwa na homa kali, akalazwa hospitali miezi miwili. Miezi miwili, wasikilizaji, na kichanga kiko nyumbani. Jirani yake, mpishi wa shule, naye alikuwa na binti mchanga. Akamchukua na huyu wa fundi, akawanyonyesha wote wawili, mmoja huku, mmoja huku. Fundi aliporudi, mifupa mitupu, anatembea kwa kushika ukuta, akamkuta mwanawe amenona mashavu. Akanyoosha mikono ampokee. Mtoto akaangua kilio, akamgeukia jirani.

"Hapo ndipo kijiba kilipomwingia rohoni," ametuambia mdogo wa marehemu. "Asante alisema. Lakini ilitoka kama jino linalong'olewa."

Mtoto alipoanza kusema, alimwita mpishi mama. Ingekuwaje vinginevyo? Fundi akamkalisha kwenye kile kiti chake cha cherehani, akamwambia, "Sikiliza wewe. Mama unaye mmoja, ndiye huyu anayekusemesha. Yule pale ni jirani. Sema, jirani." Mtoto akasema jirani. Na tangu siku hiyo, mbele ya mama yake, akawa anasema jirani tu.

Sasa, wale mliosoma na sare za fundi huyu mnakumbuka upindo wake. Suruali ya mtoto aliiachia upindo wa vidole vinne, na kila muhula alifumua kidogo, akaushusha, suruali ikakua pamoja na mwenyewe. Suruali moja ilimaliza miaka mitatu. Wazazi walimpenda kwa hilo.

Mwanawe alipokuwa na miaka tisa, shule zinafunguliwa, kile chumba kilijaa watoto wa watu mpaka mlangoni. Pima huyu, pima yule. Jioni mtoto wake akarudi kutoka shule, suruali imemfika vizuri kwenye vifundo vya miguu. Fundi akatupa jicho, akatupa jingine. Akasimama.

"Njoo hapa. Nani kagusa suruali yako?"

"Mwalimu alinitoa mstarini, mama. Alisema imekuwa fupi. Jirani akanishushia upindo jikoni kwake, pale shuleni."

Akamvua suruali, akaigeuza nje ndani. Uzi ulikuwa mweupe, ule wa kushonea magunia ya unga. Mishono imekwenda upande, mmoja mrefu, mmoja mfupi, kazi ya mtu aliyeshona huku anachungulia sufuria. Wasikilizaji, roho ilimuuma mama yule. Mwezi mzima alikuwa amepima watoto wa mtaa mzima kwa futi yake, huyu ameongezeka inchi, yule ameongezeka mbili, na wake mwenyewe aliyelala chumba kimoja naye hakuona kuwa amekua. Aliyeona ni mwanamke mwingine, macho yamejaa moshi.

Akafumua uzi wote. Akapiga pasi. Akashona upya kwa uzi wa buluu unaolingana na kitambaa. Na aliposhona, alishona urefu ule ule. Hakuongeza, hakupunguza. Mpishi alikuwa amekadiria sawasawa, na hilo ndilo lililomnyima raha zaidi.

Tangu hapo kila nguo iliyorudi na mtoto ilikaguliwa ndani na nje. Kifungo kikishikizwa na mkono usio wake, kinang'olewa. Mwanawe anasema, "Nilikuwa nikichanika nguo shuleni, najificha mpaka nifike nyumbani. Nilijua nikishonewa na mpishi, kuna kesi."

Kijana akakua, akajifunza ufundi bomba, akapata kazi. Zawadi ya kwanza aliyonunua ni sweta. Sweta mbili. Rangi ya zambarau zote mbili, saizi moja zote mbili. Mama yake akaipokea yake kwa furaha, akaivaa, akatoka nje ajionyeshe. Lo! Mpishi naye huyo mlangoni kwake, zambarau tupu, anacheka.

Fundi akarudi ndani. Kesho yake sweta yake ilikuwa na kola, ina mifuko miwili, tena ina vifungo vya kung'aa. Mpishi alipoiona alifurahi kwa dhati, masikini, hakuwa na kinyongo mwanamke yule. "Jirani, umeipamba hivyo! Nitilie na mimi kola basi."

"Uzi umeisha," akajibu fundi. Nyuma yake kwenye rafu, mdogo wake anatuapia, palikuwa na roda za uzi zisizopungua mia.

Mnacheka. Nami nilicheka niliposoma. Lakini hebu tukae kidogo na mama huyu mahali alipokaa yeye. Alasiri moja alikuwa anashona, akanyamazisha mashine ili atie uzi. Ukuta ule ulikuwa mwembamba. Akasikia sauti ya mwanawe kwa jirani, mtu mzima sasa, amepita kurekebisha bomba kabla ya kuja kwake. "Mama, mgongo unaendeleaje?" Na mpishi akijibu, "Taratibu tu, mwanangu."

Miaka yote aliamini kuwa lile neno ni lake peke yake. Kumbe mwanawe alikuwa na midomo miwili, mmoja wa huku, mmoja wa kule. Fundi akakanyaga cherehani. Hakuwa na kitambaa chini ya sindano. Aliiendesha hivyo hivyo, tupu, kwa nguvu, ili asisikie zaidi. Mwanawe alipoingia alimkuta anashona hewa.

Mwaka jana moyo wake ulianza kuchoka. Miguu ikavimba, mikono ikatetemeka, akashindwa hata kutunga uzi. Fundi bomba alikuwa na kazi ya mbali, anakuja mwisho wa juma. Siku za katikati, nani alimwosha? Nani alimgeuza kitandani? Mnamjua. Fundi alimpokea kwa uso uliokunjamana. Maji ya moto mno, shuka halijanyooka, uji huu una mabonge. Mpishi alinyoosha shuka upya na kuuchuja uji.

Mpishi ndiye aliyetusimulia kilichofuata. Mchana mmoja, anamkausha miguu, fundi akamuuliza ghafla, "Alikuwa ananyonya vipi?"

Miaka arobaini na mitatu hakuwahi kuuliza. Ile miezi miwili ndiyo aliyoikosa, na ndiyo aliyoionea wivu maisha yake yote.

"Kwa pupa," mpishi akajibu. "Alikuwa ananyonya huku amenishika kidole hiki. Akishiba anapiga chafya. Mara tatu, kila siku."

"Mara tatu?"

"Mara tatu. Na kila nikimlaza nilikuwa namwambia, usinizoee sana wewe. Mimi ni jirani tu. Mama yako anakuja."

Fundi akageukia ukutani. Mpishi anasema alilia muda mrefu, na yeye akaendelea kukausha miguu iliyokuwa imekwisha kukauka.

Jumamosi mwanawe akafika. Akawakuta wote wawili, mmoja kitandani, mmoja kwenye kigoda. Akasalimia. "Shikamoo mama. Shikamoo jirani."

"Mwite vizuri," fundi akasema.

"Nimwiteje, mama?"

"Kama unavyomwita nisiposikia."

Fundi bomba, mwanamume mzima na kitambi chake, akasimama katikati ya chumba akitazama viatu. Kisha akaita, "Mama."

"Abee," fundi akaitika kutoka kitandani.

"Abee," mpishi akaitika kutoka kwenye kigoda.

Fundi akamtazama mwenzake kwa lile jicho lake la siku zote, akasema, "Mimi nimeitika kwanza."

Aliaga dunia Jumatatu, saa nne asubuhi, akiwa na miaka sabini na mmoja.

Kwa niaba ya kituo hiki, tunatoa pole kwa fundi bomba, mkewe na watoto wao. Tunatoa pole kwa mdogo wa marehemu, na kwa wote waliovaa sare zilizopita mikononi mwake. Na pole ya pekee kwa mama mpishi. Tulipompigia simu hatukujua tumwite mfiwa au jirani, tukamwita mfiwa. Tukamuuliza kama mambo yalikuwa hivyo kweli.

Wasikilizaji wapendwa, kama yupo mtu aliyewahi kukushikia mwanao siku ulipokuwa huwezi, na mpaka leo jina lake halikutoki vizuri mdomoni, mfikirie jioni hii. Si lazima umpende. Fundi wetu alijaribu, akaweza nusu, na nusu hiyo ilitosha nyumba mbili.

Mama mpishi alitujibu taratibu. "Ni kweli," akasema. "Aliitika kwanza. Mimi nilimsubiri."