Mzee Kielelezo Astaafu Kukata Rufaa

Ifikapo tarehe thelathini mwezi huu, Mzee Kielelezo anastaafu rasmi baada ya miaka kumi na minne ya utumishi uliotukuka katika kazi ya kukata rufaa. Kabla ya hapo aliwahi kushughulika kidogo na benki, kwa miaka thelathini na mmoja, akiwa mtunza funguo za chumba cha hazina.

Siku aliyoagwa, benki ilimkabidhi saa ya ukutani na barua. Saa haikutembea. Barua ilieleza kwamba miaka yake tisa ya mwanzo haihesabiki kwa kuwa alikuwa kibarua. Amebakiwa na ishirini na miwili, ilhali pensheni ya kila mwezi hutolewa kwa aliyetimiza ishirini na mitano. Apokee kiinua mgongo, aende salama. Hakwenda.

Alishindwa katika mahakama ya kwanza. Rufaa yake ya kwanza, yenye kurasa arobaini na mbili za Kiswahili kisicho na doa, ilitupwa kwa kukosa karatasi moja tu: nakala ya hukumu inayolalamikiwa. Aliyeiandaa ndiye aandikaye wasifu huu, naye anaomba suala hilo lisijadiliwe zaidi. Rufaa ya pili ilidumu miaka sita. Majaji wawili walistaafu wakiwa nayo mezani, wote kwa pensheni kamili.

Makarani wa masjala ndio waliompa jina, maana hakuwahi kuingia bila bahasha ya vielelezo kwapani. Mawakili wachanga walimwamkia, kisha wakamuuliza nyaraka zao zipelekwe dirisha gani. Nyumbani, mkewe alimpokea kwa swali lile lile: “Baba, umerudi na hukumu au na tarehe?” Alirudi na tarehe mara hamsini na tatu.

Katika rufaa ya tatu, wakili wa benki, mtu mwenye bidii iliyopitiliza, aliomba ruhusa ya kuongeza ushahidi kwamba mzee wetu alikuwa mzembe tangu ujana. Hatukupinga, hatukujua la kupinga. Akaleta daftari la funguo, lionyeshe kwamba katika mwaka wake wa nne alichelewa kufungua hazina kwa dakika ishirini. Majaji wakalifunua. Ukurasa wa kwanza: kanuni ya benki kwamba funguo hizo hushikwa na mwajiriwa wa kudumu peke yake. Kurasa zilizofuata: sahihi ya Mzee Kielelezo, kila asubuhi ya kazi, miaka tisa mfululizo.

Jaji aliyeongoza jopo akavua miwani. “Wakili, kwa hiyo mteja wako alimwachia mpita njia funguo za hazina miaka yote hiyo?”

Wakili aliomba dakika tano. Kiakili, hajarejea hadi leo.

Miaka tisa imerudishwa, na juu ya mahakama hiyo hakuna nyingine. Pensheni ya kwanza inaingia tarehe thelathini. Chama chetu cha wastaafu kinatoa shukrani za dhati, pamoja na vibarua wa zamani kumi na mmoja ambao tayari wameomba kuliona daftari hilo.

Mzee Kielelezo, tunakutakia afya tele na uzee mrefu kupita kiasi. Kila mwezi utakaoumaliza ukiwa hai, benki italipa, nayo haina pa kukata rufaa.