Upande wa Giza Wanakula Nini

Kr, kr, kr. Usiku wa manane Mama Pacha alikurupuka, akapapasa watoto, mmoja, wawili, wote wapo, kumbe ni mumewe anasaga meno usingizini. Usingizi ukaishia hapo. Meno, meno. Hata barua ya mhariri ilisema hayohayo: sayari aliyoibuni kwenye riwaya yake ina wanyama kumi na wawili wa meno makali na hakuna hata mmoja mwenye cha kula, arekebishe kabla ya jioni ya siku inayokucha, la sivyo nafasi yake anapewa mwingine. Miaka mitatu anaandika huku ananyonyesha. Kulipokucha akabeba pacha mmoja mgongoni, mwingine kifuani, akaenda kwenye benchi la nje ya kinyozi, maana pale wanakaa watu wanaojua kila kitu.

— Niwaulize kitu, msinicheke, akasema kwa mkupuo. Kuna sayari imelielekezea jua uso uleule siku zote, upande mmoja jua halizami, upande wa pili giza tupu, na mimi wanyama wangu nimewaweka gizani, sasa wanakula nini?

— Wanakulana, akasema Kinyozi. Mkubwa amle mdogo.

— Na mdogo?

— Amle mdogo zaidi.

— Na wa mwisho kabisa, shemeji?

Kinyozi akanywa kahawa kwanza.

— Huyo afunge.

— Kanyoe watu wewe, akasema Fundi Redio. Dada, hao wale radi. Mnyama anainua mkia, radi inapiga, ameshiba wiki nzima.

— Si atakufa?

— Mtie fyuzi.

Muuza kahawa, ambaye benchi lilimwita Profesa kwa sababu aliwahi kumaliza kitabu kizima, akaweka birika chini.

— Mnawaza matumbo tu. Hao wameze giza lenyewe. Giza haliishi, halina msimu.

— Akishalimeza kunakucha? akauliza Kinyozi.

— Kidogo. Palepale alipo.

Mama Pacha alitaka kucheka, machozi yakamtangulia. Saa sita ilishapita. Hapo ndipo mzoa taka alipoegesha mkokoteni wake ili anunue kahawa. Hakuwa mtu wa benchi, ila masikio alikuwa nayo.

— Samahani. Majani ya huko kwenye jua yakidondoka, nani anazoa?

Profesa akatazama ndani ya kikombe.

— Hakuna anayezoa, akasema Mama Pacha polepole. Kuna upepo. Hewa ya moto inapanda, inapita juu na majani makavu mpaka gizani, huko inapoa, inashuka, inayamwaga.

— Miaka yote hiyo? Basi kuna jaa la kutisha. Na jaa kubwa halipoi, dada. Mimi alfajiri ya baridi napasha mikono pale. Ukichimba kidogo tu linaunguza.

— Linaoza, akasema Mama Pacha, na maneno yakaanza kumtoka mbio. Linaoza, vijidudu vinakula uozo, vinatoa joto, barafu ya pembeni inayeyuka, uyoga unaota, konokono wanakula uyoga, wangu wa meno wanakula konokono, wakifa wanarudi jaani, halafu upepo wa chini unarudisha vumbi la mbolea kule kwenye jua, miti inaota, majani yanadondoka tena.

— Na wote kumi na wawili wanashiba? akauliza Kinyozi.

— Wawili. Kumi nawafuta.

Akaandika palepale, karatasi gotini, Kinyozi amempakata pacha mmoja, Fundi Redio mwingine. Saa kumi kasorobo akapiga picha kurasa, akazituma. Birika la pili lilikuwa linaelekea kwisha simu ilipolia. Akasoma ujumbe wa mhariri kwa sauti: "Sasa sayari yako inaishi. Tunachapa."

Profesa akagonga birika kwa kijiko kama mtu apigaye ngoma. Kahawa iliyobaki akammiminia mzoa taka, bure.

— Lakini msimwambie mtu, akasema Mama Pacha. Habari ya jaa ndiyo siri ya kitabu kizima.

Wakaapa mmoja mmoja, mpaka Kinyozi, ambaye hajawahi kutunza siri. Mzoa taka akashika mikono ya mkokoteni, akasita.

— Mke wangu nitamwambia, dada, hilo siwezi kukuficha. Kwamba mimi ndiye niliyeuliza. Baada yake, simwambii mtu mwingine.