Kona Tisa za Mto Kivumoni

Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya, Sheha wetu Bwana Hamzah, masheikh, ndugu wageni waalikwa, na ninyi wakulima mliokuja na majembe mabegani: Assalaam aleikum warahmatullahi wabarakatuh.

Nimeombwa niueleze mto huu kabla hamjaanza kuchimba. Mwalimu wa jiografia, hata akistaafu, ukimpa kipaza sauti atafundisha, basi nistahamilieni.

Mto Kivumoni haumo katika atlasi yoyote niliyowahi kuifungua darasani. Unatoka kwenye chemchemi chini ya kilima kile, unapita bondeni maili tatu tu, unaingia horini, mkono wa bahari penye mikoko. Lakini zamani maili hizo tatu maji yalizitembea kama saba, kwa sababu mto ulikuwa na kona tisa, na kila kona na jina lake. Kona ya Mapakacha ndipo wanawake walipoloweka mbegu za mpunga ndani ya mapakacha ya makuti kabla ya kupanda. Kona ya Wachumba sina haja ya kuieleza. Wazee wenzangu naona mnatazama chini. Nani kati yenu, ninyi mlio chini ya miaka arobaini, amewahi kuusikia mto ule ukivuma? Hakuna. Na sababu ni mimi.

Nilikuwa kijana, nimetoka chuoni na rula mpya. Bonde lilifurika kila masika, kamati ikaniita kwa kuwa nimesoma. Nikachora mstari mmoja, mnyoofu, kutoka chemchemi hadi hori: tuchimbe mfereji, maji yaende zake, kona zifukiwe, zigaiwe mashamba. Bi Mwatum, Mungu amrehemu, aliyelima bonde hili kabla sijazaliwa, akaitazama ramani yangu akacheka.

"Mwanangu, nto hauzunguki kwa kupotea njia. Ukimwona nyoka kanyooka, jua keshakufa."

Watu wakacheka naye. Mimi nikamjibu, "Bibi, hii ni elimu."

Je, elimu yangu ilizaa nini? Masika, maji yalikimbilia baharini kwa siku moja. Kiangazi, hayakubaki maji matamu ya kuizuia bahari. Kila bamvua, bahari inapojaa kupita kawaida, chumvi ikapanda hatua chache zaidi. Yaliyobaki mnayajua kuliko mimi, ninyi ambao mpunga wenu unaungua ungali mchanga.

Nami kwa kazi ile nilizawadiwa kona ya tisa. Mke wangu, marehemu Bi Rahila, akapanda pale mikarafuu kumi na miwili, akaimwagilia kwa ndoo kutoka kisimani hadi ikashika. Mavuno ya kwanza tulikaa jamvini tukichambua karafuu, akaniambia: "Baba Nadhira, umenipa shamba zuri. Lakini umeninyamazishia maji." Alikuwa amekulia kando ya mto ule.

Ndugu zangu, wenye mashamba wanane wameridhia mto urudi ulikokuwa. Aliyewachelewesha ni wa tisa, na ndiye anayesema nanyi. Bwana Sheha alinijia mara tatu. Mara ya tatu akanitania, "Mwalimu, sisi tukichelewesha kazi ya nyumbani ulikuwa ukitutandika!" Nikacheka, nikafunga mlango. Haukuwa ukaidi. Kila asubuhi huingia shambani mle, nikagusa shina moja baada ya jingine, kama ninayempa mtu mkono. Mtu ataagaje mara kumi na mbili?

Jana nilipokea kibali cha serikali cha kukata mikarafuu ile. Nilikiomba mwenyewe, na asubuhi hii nimemkabidhi Sheha. Anzeni kwangu. Sitakaa nyumbani nikisikiliza mashoka kwa mbali. Nitakuja, na mti wa kwanza nitaushika hadi mniambie nisogee.

Mheshimiwa, nimesikia mnataka kona ile ipewe jina langu. Nawashukuru, lakini nawaomba msifanye hivyo. Kona hizi zilipewa majina na watu waliozitumia, si na aliyezifuta. Jina lake la kale limesahaulika; iacheni bila jina. Watakaokuja kuchota, kuogelea na kugombana pale wataipa wenyewe, nami nitakuwa radhi hata wakiipa la mzaha.

Ahsanteni kwa subira yenu. Jua linapanda, twendeni.