Kipindi cha Bi Pasi

Benchi letu ni ubao mmoja uliolazwa juu ya mawe mawili, ubavuni mwa duka lililofungwa miaka mingi iliyopita, na linatosha watu wanne wembamba au watatu walioshiba. Kahawa anauza Shangazi, ambaye si shangazi wa yeyote kati yetu, ila anatukaripia sote bila upendeleo. Wanaokaa kila jioni ni Jaji, karani wa mahakama aliyestaafu bila kuacha kuahirisha mambo. Bomba, fundi wa mabomba ya maji. Na mimi, ambaye kazi yangu kubwa hapo ni kusikiliza. Mwandishi naye alikuwa wetu. Aliandika gazetini habari za ajali na vikao vya halmashauri, hadi gazeti lilipopunguza watu naye akawa miongoni mwa waliopunguzwa. Akaingia ndani ya kabati la nguo na simu yake, akajifungia humo katikati ya makoti ili sauti isiwe na mwangwi, akaanzisha podikasti ya kuumbua uzushi unaozagaa mitaani. Miaka ikapita, watu wakawa wanamsikiliza hata kwenye foleni za hospitali. Kisha ghafla akanyamaza. Wiki zikapita bila kipindi, na sisi hatukukosa maelezo.

Bomba: Huyo amenunuliwa.

Jaji: Na nani?

Bomba: Wakubwa. Kuna jambo alikuwa anakaribia kuliumbua. Wakamwita, wakamwekea soda baridi mezani, wakamwambia chagua mwenyewe, soda au kabati.

Shangazi: Wewe hiyo soda umeiona?

Bomba: Shangazi, soda ya namna hiyo haionekani. Inahisiwa.

Jaji: Mimi nasema ni kesi. Yule muuza mafuta ya kuotesha nywele amemfungulia mashtaka. Si Mwandishi alitangaza hewani kwamba muuzaji mwenyewe ana kipara?

Bomba: Hawezi kushtaki. Mahakamani atavuliwa kofia.

Jaji: Hapo umenena. Basi atakuwa ameteuliwa. Mtu anayejua uongo wote ulipo, serikali haiwezi kumwacha anazurura. Watamfanya msemaji.

Bomba: Nyote hamjui kitu. Sikilizeni. Mwandishi hayupo. Ile sauti ni ya kompyuta. Mwenyewe wamemficha mahali, chakula anapitishiwa dirishani, na mashine ndiyo inayoongea.

Shangazi: Mwezi uliopita si alikaa hapo ulipokaa? Akanywa vikombe viwili.

Bomba: Una uhakika alikuwa yeye?

Tulicheka. Lakini niligundua kwamba katika maelezo yote hayo hakuna aliyekigusa kipindi chake cha mwisho, na kwamba sote tulikuwa tumekaa tukiielekeza migongo upande wa pili wa barabara, jambo lisilo rahisi kwenye benchi linalotazama barabara.

Kipindi hicho kilimhusu Bi Pasi, dobi wetu, mwenye chumba hapo ng'ambo. Palikuwa na uzushi kwamba anafua mashuka ya mochwari kwenye beseni zile zile anazofulia mashati ya watu. Mwandishi aliubomoa tofali kwa tofali. Alikwenda mochwari, msimamizi wa kule akaeleza hewani kwamba mashuka yao yanafuliwa ndani kwa ndani na hayajawahi kuvuka geti. Akawahoji majirani. Akamhoji na Bi Pasi mwenyewe, ambaye siku hiyo alivaa gauni lake la kuendea harusi, ingawa kipindi hakina picha. Alicheka sana kwenye mahojiano. Alisema hata yeye ndiyo kwanza anausikia uzushi huo.

Wakati Bomba anajiandaa kuendelea na hadithi yake ya kompyuta, Mwandishi alitokea mlangoni kwa Bi Pasi, akavuka barabara, akaja kusimama mbele yetu. Alikuwa amekonda.

Jaji: Mheshimiwa! Karibu, karibu. Tulikuwa tunakuombea.

Bomba: Tumesikia umeteuliwa.

Mwandishi: Bi Pasi anahama mwisho wa mwezi.

Shangazi alimmiminia kahawa na kumpa. Alikipokea kikombe bila kukitazama, akakaa pembeni kabisa mwa ubao.

Mwandishi: Nimemkuta anapiga pasi pazia lake. Hana kingine cha kupiga pasi.

Jaji: Lakini wewe ulimsafisha! Kipindi kile nilikisikiliza mwanzo hadi mwisho. Ushahidi ulikamilika. Mimi nimekaa mahakamani maisha yangu yote, sijaona mshtakiwa aliyeachiwa huru vizuri namna ile.

Mwandishi: Aliachiwa huru, mzee wangu. Ila kabla ya kipindi alikuwa na wateja. Baada ya kipindi hawapo.

Shangazi: Watu wana roho mbaya.

Mwandishi: Si roho mbaya, Shangazi. Mke wangu ndiye anayekata na kuunga sauti za kipindi. Ushahidi wote aliusikia kabla yenu. Yule bwana wa mochwari ana kikohozi, na mke wangu alishinda siku nzima anaondoa vikohozi vyake kimoja kimoja. Wiki iliyofuata namkuta uani, kainamia beseni, anafua mashuka yetu mwenyewe. Namwuliza kulikoni. Ananijibu, najua si kweli, baba, lakini nikijifunika namsikia yule bwana anakohoa.

Siku nyingine hilo lingetuchekesha hadi usiku.

Jaji: Tusiharakishe kujilaumu. Uzushi ulikuwepo. Hata bila wewe ungeenea tu.

Mwandishi: Hapo ndipo nilipokwama. Nimezunguka mtaa mzima. Wateja wake waliohama, mwenye nyumba wake, mpaka anayemuuzia sabuni. Namwuliza kila mmoja, wewe hili ulilisikia wapi? Wote wananitaja mimi. Sijapata hata mtu mmoja aliyelisikia kabla ya kipindi. Na mimi hewani nilisema, "watu wengi hapa mtaani wanaamini." Wengi gani? Mimi nililisikia mara moja, kwa mtu mmoja, tukiwa tumekaa hapa.

Bomba alikuwa anakizungusha kikombe chake mkononi, anakizungusha, kama anayetafuta palipovuja.

Bomba: Si ulikuja ukauliza, jamani mna nini kipya?

Mwandishi: Niliuliza.

Bomba: Jaji alikupa ile ya majini ya kisimani. Ukamtaja hewani, "mzee mmoja msomi tunayekaa naye." Akatembea na usomi wake wiki nzima, hapakukalika. Shangazi akakupa ile ya mchele wa plastiki, naye ukamtaja. Mimi nikupe nini, kaka? Kutwa nalala chini ya masinki ya watu. Nikaona mashuka meupe kwenye kamba ya yule mama, nikasema la kwanza lililonijia mdomoni. Nilijua utacheka.

Mwandishi: Nilicheka. Halafu nikaenda nyumbani nikaandika.

Bomba: Sasa si ungeniuliza, wewe Bomba, nani kakuambia?

Mwandishi alikiweka kikombe chini bila kukionja. Ndilo swali analowafundisha watu kila wiki. Ndilo analofungia kipindi.

Nilitamani mmoja wetu aseme jambo la kumpunguzia mzigo mmoja kati yao, lakini sikujua nianze na yupi. Bomba hakuwa na nia mbaya na yule mama. Alitaka tu siku moja atajwe. Mwandishi naye hakusema uongo wowote ila neno moja dogo, "wengi", ambalo hata magazetini huwa halihesabiwi. Nilikuwa bado napima hayo mgeni alipotufikia.

Alikuwa mtu wa makamo, shati lake limejikunja kama lililotoka kwenye sanduku siku hiyo hiyo. Alitusalimia vizuri, akatueleza kwamba amehamia nyumba za nyuma na keshokutwa anaanza kazi mpya.

Mgeni: Samahani wazee wangu, dobi mzuri hapa mtaani ni nani?

Nilimwona Jaji akitazama vifungo vya shati lake mwenyewe. Shangazi alianza kukisugua kikombe kilichokuwa safi.

Mwandishi: Yupo mmoja, ndugu yangu...

Mgeni: Hee! Sauti yako mbona naifahamu?

Mwandishi akafunika mdomo kwa kiganja. Nilielewa. Akiendelea na maneno mengine mawili tu, mgeni atajua yeye ni nani, na akilitaja jina la dobi, mgeni atakumbuka na kipindi. Aligeuka akamtazama Bomba, kama kumwomba amalizie. Bomba akamtazama Jaji. Jaji akanitazama mimi.

Mgeni: Au niulize hivi. Ninyi mnapeleka wapi?

Shangazi alifunika birika.

Shangazi: Kahawa imekwisha, baba.

Haikuwa imekwisha. Na mgeni hakuwa ameomba kahawa. Alitutazama mmoja mmoja, kwa upole wa mtu asiyetaka kugombana na majirani siku ya kwanza, akatushukuru, ingawa hatukuwa tumempa kitu. Kisha akamwona mwanamke aliyesimama mlangoni upande wa pili, akavuka barabara kwenda kumwuliza yeye.

Bi Pasi alimsikiliza hadi mwisho. Alifuta mikono kwenye kanga yake.

"Nenda ng'ambo ya soko, mwanangu," alimwambia. "Wazee wale wote wanapeleka huko siku hizi."

Hakupaza sauti, na wala hakututazama. Barabara yetu si pana.