Mfasiri wa Riwaya Kumi na Moja

Tarehe 14 Novemba 1951, siku ya Jumatano, saa kumi na moja alfajiri, alizaliwa marehemu dada yetu, ambaye wengi wenu mlimzoea kwa jina la Mama Kamusi, akiwa mtoto wa pili kati ya watoto watano wa baba yetu fundi saa na mama yetu mkunga. Mimi, mdogo wake anayemfuata, karani mstaafu, nimepewa na familia heshima ya kuwasomea historia yake, na naomba mnivumilie nikiisoma yote pasipo kuruka tarehe, kwa sababu tangazo la rambirambi lililotoka gazetini juzi limedai kwamba kitabu chake cha mwisho kilimaliziwa na mtu mwingine, na familia haikubali azikwe na dai hilo.

Marehemu alisoma shule ya msingi kuanzia 1959 hadi 1965, na tarehe 17 Januari 1966 aliripoti sekondari ya wasichana, akaomba somo la ushonaji, akaambiwa darasa limejaa, akasukumwa chumba cha pili kwenye Kifaransa, kwa mwalimu mkali mwenye wanafunzi sita tu. Wiki nzima alinuna, lakini kufikia kidato cha tatu mama alikuwa akimnyang'anya vitabu ili apate kula. Chuo kikuu aliingia 1972, akatunukiwa shahada ya lugha 1975, na tarehe 1 Septemba mwaka huohuo akaajiriwa na kampuni ya bima kufasiri barua za madai, kazi aliyoifanya kwa miaka kumi na mitatu, huku kila asubuhi kabla ya kwenda ofisini, juu ya meza ya jikoni, akifasiri riwaya kutoka Kifaransa kwenda Kiingereza, ukurasa mmoja kwa siku, awe mzima au ana homa.

Tarehe 20 Agosti 1977 alifunga ndoa na shemeji yetu, fundi cherehani, wakajaliwa mabinti wawili na mvulana mmoja. Kila sura aliyoifasiri alimsomea mumewe kwa sauti akiwa kwenye cherehani, na mguu wa shemeji ulipoacha kukanyaga cherehani, alijua msikilizaji amepotea, akaizungushia sentensi hiyo penseli nyekundu. Shemeji alikuja kukiri, baada ya miaka mingi, kwamba mara nyingine ni uzi uliokatika tu, naye marehemu akamaliza mchana mzima akiitibu sentensi isiyo na ugonjwa, na kwa kukiri huko alinuniwa siku tatu.

Riwaya yake ya kwanza ilitoka tarehe 4 Machi 1983, na jina lake halikuwamo, si kwenye jalada, si ndani. Alikwenda na nakala mkononi hadi kwa meneja wa uchapishaji, ambaye alimwambia, "Mama, wasomaji wanamnunua mwandishi, hawakununui wewe," naye akamjibu, "Basi wapelekeeni Kifaransa chake, tuone watakachosoma," akarudi nyumbani na mswada wa riwaya ya pili ndani ya mkoba, akaukalia miaka mitatu. Mwaka 1986 jina lake lilichapwa ndani, mwaka 1991 likapanda kwenye jalada, na halijashuka tena.

Kisukari kilimwanza 2014, kikamnyima macho Oktoba 2022, akiwa katikati ya riwaya ya kumi na moja. Hakuiacha. Binti yake mkubwa, ambaye Kifaransa anakisoma tu bila kukielewa, alimsomea sentensi moja moja, marehemu akatamka Kiingereza chake, nami nikachapa, kwanza nyumbani, kisha wodini alipolazwa. Alifariki Ijumaa, tarehe 26 Mei 2023, akiwa na umri wa miaka sabini na mmoja, miezi sita na siku kumi na mbili.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya pili, waliotuachia kona na meza, majirani waliopika na kufua bila kuitwa, na wafanyakazi wenzake waliofika leo, akiwemo mhariri wake. Pumzika, dada, umeifanya kazi yako ukaimaliza.

Mwisho, tangazo la gazetini linasema sura tatu za mwisho zilikamilishwa na ofisi ya uchapishaji, na kwamba jalada litabeba majina mawili. Si sahihi. Sura hizo zilikamilishwa hospitalini, kitanda cha dirishani, kuanzia Jumatatu tarehe 24 Aprili hadi Jumanne tarehe 9 Mei, saa tisa na nusu alasiri, kwa kinywa cha marehemu mwenyewe, na nakala yenye tarehe kila ukurasa nimemkabidhi mhariri asubuhi ya leo. Na kama yupo anayedhani jina la pili liwe langu kwa kuwa ndiye niliyechapa, nimechapa barua za wakubwa kwa miaka thelathini na minne, na sijatia sahihi yangu hata kwenye moja.