Mama Masikio Anavua Hedifoni

Tarehe thelathini Juni, Mama Masikio anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja katika ofisi yetu ya kusimamia redio. Sisi wapanda minara tumeomba tumwandikie wenyewe. Shule tuliiachia njiani, mtatuvumilia.

Alianzia mapokezi, kisha akapewa chumba cha mwisho kwenye korido, chenye mapazia ya kijani na redio zinazonong'ona zote kwa pamoja mpaka mtu ahisi yuko ndotoni. Mtu akilalamika kuwa redio imemchafulia jina, Mama husikiliza kipindi kizima, kavua viatu, kafumba macho. Mkurugenzi mmoja mgeni alidhani amelala, akamfunika koti mpaka masikioni. "Asante mwanangu," Mama akasema, macho bado kayafumba, "ila umenizibia taarifa ya habari."

Hatutasahau siku ya redio ya sokoni. Ilitangaza kwamba maji ya bomba ni machafu na wakubwa wanaficha. Simu ikapigwa kutoka juu: izimwe leo. Tulikuwa tayari garini na koleo zetu. Wengi wetu tumekuja mjini kutafuta kazi, na ukiwa mbali na kwenu, ukiambiwa kata, unakata.

Mama akatoka pekupeku, akasimama mbele ya gari.

"Wamesikilizwa?"

"Mama, tupishe," dereva akasema. "Amri imetoka juu."

"Juu kuna mnara tu, baba. Sheria inasema redio haizimwi kabla pande zote mbili hazijasikilizwa."

Mkurugenzi wa wakati ule akamwonya kwamba atapoteza kazi. Mama akapanda boneti, akakaa, akasema atalisubiri papo hapo baraza la malalamiko la ofisi.

Baraza likakutana. Kipindi kikasikilizwa chote, wenye redio upande huu, wakubwa wa maji upande ule. Maji yalikuwa machafu kweli. Ila fundi wa maji aliyelaumiwa kwa jina kipindini alikuwa likizo, hakuhusika. Redio ikaamriwa kumwomba radhi hewani, saa ile ile ya kipindi. Ikamwomba, kisha ikaendelea kuyasema maji mpaka mabomba yakasafishwa.

Jioni ya siku ya baraza tulipanda mnara wa redio ile, si kukata, bali kukaza nati tu. Mji ulilala chini kama moshi, sauti zikapita kwenye vyuma, tukazihisi viganjani.

Simu za "izimwe leo" bado zinapigwa. Juzi ilipokuja nyingine, dereva alizima gari mwenyewe, akashuka, akaenda kunywa chai akisubiri baraza.

Asante, Mama. Kapumzike vyema, na siku zako ziwe nyingi na njema.